Kusimama Tena Baada ya Pigo: Mwongozo wa Wiki Sita za Kwanza

Mimi ni katibu wa kikundi cha kuweka akiba na kukopeshana hapa Busia, upande wa Uganda. Kwa mujibu wa kanuni zetu, kazi ya katibu ni kuandika michango, mikopo na faini, lakini mtu anayekuja kuomba mkopo wa dharura huanza kueleza yaliyomfika kabla hajataja kiasi anachokitaka, na kwa hiyo nimekuwa msikilizaji kuliko mwandishi. Maswali ni yale yale: nianzie wapi, nguvu nitaitoa wapi, mbona fulani alifiwa akasimama na mimi nimeshindwa hata kufagia ua. Nimechoka kuyajibu nusu nusu nikiwa nimesimama mlangoni, ndiyo maana nimeyaandika hapa kwa utaratibu.

Mwongozo huu ni wa mtu aliyepatwa na jambo zito siku au wiki za karibuni: amefiwa, ameachishwa kazi, biashara imeanguka, ndoa imevunjika, ameambiwa habari nzito hospitalini, au amelazimika kuhama kwao. Hauwafai wale ambao hatari bado wanaishi nayo nyumba moja. Ikiwa unapigwa nyumbani, au unamjua mtoto anayedhulumiwa, acha kusoma kwanza upige simu namba 116, ambayo ni huduma ya Sauti na haikati salio, au 999 ya polisi. Yaliyobaki utayasoma ukiwa mahali salama.

Nadharia nitaitaja mara moja tu. Wengi wanaonijia wanasubiri nguvu irudi ndipo waanze kushughulika, na kwa nilivyoona, wanaosubiri hivyo husubiri sana. Neno bodaboda lilizaliwa huku kwetu mpakani katika miaka ya 1960, waendesha baiskeli walipokuwa wakiwavusha abiria kutoka mpaka mmoja hadi mwingine, na yeyote aliyewahi kubeba mtu kwa baiskeli anajua kwamba haitulii mpaka miguu ianze kuzungusha pedali. Nguvu ya moyo nayo ni vivyo hivyo: kazi ndogo hutangulia, nguvu hufuata. Jambo la pili ni kwamba haipatikani kwa kujifungia. Mwaka 2002, katika vijiji 30 vya Masaka na Rakai, watafiti waliwakusanya watu wenye sonona, yaani ugonjwa wa huzuni nzito, katika vikundi vya mazungumzo, mara moja kwa wiki kwa wiki 16, vikiongozwa na wenyeji wa kawaida waliopewa mafunzo mafupi. Waliohudhuria walipata nafuu kubwa kuliko wale wa vijiji ambavyo havikupata vikundi. Kabla ya hapo wenyeji walikuwa wameulizwa wanauitaje ugonjwa huo kwa Kiganda, wakataja okwekyawa, yaani kujichukia, na okwekubagiza, yaani kujihurumia. Huwa nawakumbusha maneno hayo watu wanaodai kwamba sonona ni ugonjwa wa Wazungu.

Vitu vya kuwa navyo kabla ya kuanza

Tafuta daftari la shule la kurasa 96 na kalamu. Simu haifai kwa kazi hii, kwa kuwa utaifungua uandike na utajikuta dakika arobaini baadaye unatazama picha za harusi za watu. Tenga nusu saa isiyobadilika kila siku. Asubuhi ndiyo bora, ingawa mama mwenye watoto wadogo anaweza kuchagua saa ambayo wamelala. Fahamu kituo cha afya cha serikali kilicho karibu nawe, na uulize mapema ni siku gani mhudumu wa afya ya akili hupatikana pale au katika hospitali ya wilaya. Kitu cha mwisho ni jina la mtu mmoja, na nitaeleza katika hatua ya nne namna ya kumchagua. Huhitaji fedha wala huhitaji kujisikia tayari.

Hatua ya 1: Siku tatu za mwanzo, linda mwili na usiamue jambo kubwa

Katika siku hizi kazi yako ni kula, kunywa maji, kuoga na kulala. Kama chakula hakipiti, kunywa uji kidogo kidogo, na umwombe mtu wa nyumbani akuletee bila kukuuliza, kwa kuwa aliyepigwa hujibu kwamba hana njaa hata kama hajala tangu jana. Ukishindwa kulala, lala chali, vuta pumzi puani ukihesabu hadi nne, itoe polepole ukihesabu hadi sita, urudie kwa dakika tano. Kutoa pumzi kwa muda mrefu kuliko kuivuta hupunguza mapigo ya moyo, na mwili ukitulia akili nayo hupata nafasi.

*Onyo.* Usiuze chochote katika siku hizi, usitie saini, usiache kazi, usihame. Wako watu wenye pua kali sana ya kunusa msiba, nao hufika na fedha taslimu mfukoni wakitaka kibanja kwa nusu ya bei. Mwambie mtu kama huyo kwamba utamjibu baada ya wiki sita. Tena Sheria ya Ardhi ya mwaka 1998 inataka ridhaa ya mume au mke kabla ya kuuzwa ardhi ambayo familia inaishi au inapata riziki juu yake, kwa hiyo hata anayeharakisha hana haki ya kukuharakisha.

Onyo la pili ni la waragi, yaani pombe kali. Najua unavyosaidia usiku wa kwanza. Usiku wa nne utahitaji kiasi kikubwa zaidi, usingizi utakatika saa tisa usiku, na asubuhi utakuwa na mizigo miwili badala ya mmoja.

Hatua ya 2: Andika kilichotokea

Siku ya nne fungua daftari. Katika ukurasa wa kwanza andika sentensi moja inayosema kilichotokea, bila maelezo na bila kujilaumu: "Mume wangu alifariki tarehe 9." "Nimeachishwa kazi na sijalipwa mwezi wa mwisho." Katika ukurasa wa pili andika yote unayoyaogopa kwamba yatatokea, hata yale yanayokuaibisha. Usichanganye kurasa hizo mbili. Wengi wanaokuja kwangu wakisema wamekwisha hubainika kwamba jambo lililokwisha kutokea ni moja, na yaliyobaki kumi na mawili bado ni hofu. Hofu ni kitu halisi na haidharauliwi, lakini haishughulikiwi kwa njia moja na tukio.

Kisha amua pigo lako ni la fungu gani. Tiba ya mazungumzo niliyoitaja huyagawa matatizo katika mafungu manne: kufiwa, ugomvi na mtu wa karibu, mabadiliko ya maisha, kama kupoteza kazi, kustaafu, kuugua au kuhamia ugenini, na upweke wa muda mrefu. Ukilijua fungu utajua uelekee wapi. Aliyefiwa anahitaji kuzungumza juu ya marehemu, mazuri yake na mabaya yake. Mwenye ugomvi anahitaji kuamua kama anataka mapatano au anataka kuachana kwa amani. Aliyebadilikiwa na maisha anahitaji kuliomboleza lile alilolipoteza na kujifunza kazi ya hali mpya. Mpweke anahitaji watu, na kwake hatua ya saba ndiyo ya kwanza.

Hatua ya 3: Gawa orodha mara tatu

Rudi kwenye ukurasa wa hofu na mambo yanayokusumbua, uweke alama mbele ya kila moja: L kwa linalotakiwa kufanywa wiki hii, S kwa linaloweza kusubiri hadi wiki ya sita, na M kwa lile ambalo halimo mikononi mwako.

Nitaeleza jinsi ilivyokuwa kwa muuza mukene (dagaa) mmoja wa soko letu, ambaye ameniruhusu kusimulia. Magunia yake sita yalinyeshewa usiku kucha, na asubuhi samaki walikuwa wameanza kutoa funza. Alikuja na daftari la mwanawe, lenye hesabu za darasa la tatu upande mmoja, na upande wa pili ameandika mambo kumi na saba. Tulikaa kwenye benchi tukayapitia moja moja. "Watu wa soko wananicheka": M. "Mwanangu wa kwanza atashindwa kuingia sekondari mwakani": S, kwa kuwa ilikuwa mwezi wa tano. "Mvua": M, na hapo alicheka mwenyewe kwa mara ya kwanza. Mwishoni herufi L zilikuwa nne tu: kumjulisha aliyemkopesha mzigo, kuuliza kama mukene walioharibika wangenunuliwa na mtengeneza chakula cha kuku, kurudisha mizani ya kuazima, na kumwambia mumewe, ambaye alikuwa bado hajui. Lile la nne ndilo lililomchukua siku tatu. Mtengeneza chakula cha kuku aliwakataa waliooza, akachukua magunia mawili ya chini yaliyokuwa yamelowa bila kuoza.

Kosa la kawaida katika hatua hii ni kuweka L mbele ya kila kitu. Zikizidi tano, umejidanganya. Rudi uchague upya.

Hatua ya 4: Mwendee mtu mmoja

Usiwaambie watu wote, na usiache kumwambia hata mmoja. Mchague mtu mwenye sifa tatu: anaweza kunyamaza, haishi katika tatizo hilo pamoja nawe, na unaweza kumfikia kwa miguu au kwa nauli ndogo. Anaweza kuwa mjomba, shangazi ambaye kwa Baganda ni ssenga, mzee wa msikiti, mama wa kanisani, au mwalimu wako wa zamani. Mchumba na mwenzi wa ndoa watakusikiliza kwa upendo, lakini pigo hilo limewaangukia wao pia, na si haki kuwafanya nguzo pekee.

Watu huniambia wanashindwa na maneno ya kuanzia. Tumia haya: "Mjomba, shikamoo. Sikuja kuomba fedha. Nimepatwa na jambo, nami naomba unisikilize kwa nusu saa bila kunishauri. Kisha ukiniruhusu nitarudi tena Jumatano." Sentensi ya fedha itangulie, kwa sababu mwenyeji mwenye wasiwasi wa mfuko wake hasikilizi. Sentensi ya ushauri ni muhimu vilevile, kwa sababu wazee wetu huona aibu kumwacha mgeni aondoke bila kumpa ushauri. Ile ya Jumatano ndiyo muhimu kuliko zote, kwa kuwa kuzungumza mara moja hupunguza machozi tu, na faida yenyewe huonekana katika kurudia.

Kwa wasomaji waliokimbia vita Kongo na wanaoishi Nakivale, Kyaka II au Kyangwali, najua mtu wa namna hiyo huenda alibaki ng'ambo au hayupo tena duniani. Anza na jirani mnayekutana kwenye foleni ya maji au kwenye kwaya, na usimsimulie yote siku ya kwanza. Msaidie kubeba dumu, mwombe moto, mrudishie chombo chake kikiwa safi. Baada ya wiki mbili mtakuwa na mazungumzo.

Hatua ya 5: Kila siku kazi moja ndogo

Kila jioni andika kazi moja ya kesho, ambayo hata ukiamka mgonjwa nusu utaweza kuifanya: kufua mashati mawili, kutembea hadi kisimani na kurudi, kupalilia mistari miwili ya maharagwe, kumpigia simu mtu mmoja. Asubuhi ifanye kabla hujajiuliza kama unataka kuifanya. Ukimaliza, iwekee alama daftarini. Badilisha aina ya kazi, ili ndani ya wiki ziwepo za mikono, za kutembea na za kukutana na watu.

Shule za Uganda zilifungwa Machi 2020, na si wanafunzi wote waliorudi madarasani mpaka ilipofika Januari 2022. Walimu wengi wa shule za binafsi walibaki bila mshahara, na hapa mjini niliwaona wakifyatua matofali na kukaanga chapati. Mmoja wao, mwalimu wa hesabu, aliendelea kuamka saa kumi na moja na nusu, akanyoa ndevu, akavaa shati la kola, kisha akaenda kukanda unga kwenye kibanda chake. Niliona kama kichekesho. Nilipomuuliza, alijibu kwamba akikosa kunyoa siku mbili, siku ya tatu haondoki kitandani. Saa ya kuamka isiyobadilika ina thamani kuliko kazi yenyewe, na mimi nimeifanya kuwa sharti kwa kila anayeniomba ushauri.

*Onyo.* Usipange kazi kubwa siku unayojisikia vizuri. Siku nzuri humfanya mtu aandike kazi saba, ashindwe nne, na kesho yake ajione si kitu. Kazi ni moja. Ukitaka kuongeza, ongeza baada ya ile ya kwanza kwisha.

Hatua ya 6: Wakabili wanaokudai kabla hawajakutafuta

Kufikia wiki ya pili, andika madeni yote: jina, kiasi, riba, tarehe ya kulipa. Mwendee kila mmoja kabla ya tarehe na utaje kiasi kidogo ambacho una hakika nacho. Nikiwa upande wa wanaokopesha, naweza kukuthibitishia kwamba anayekuja mapema na shilingi elfu tano hupewa muda, na anayezima simu hutangazwa.

Jihadhari na mikopo ya kuzibia mikopo, hasa ile ya haraka ya kwenye simu. Wakopeshaji wa fedha husimamiwa kwa sheria ya mwaka 2016 ya taasisi ndogo za fedha na wakopeshaji, na leseni zao hutolewa na mamlaka inayojulikana kwa kifupi UMRA. Sheria hiyo haimruhusu mkopeshaji kuchukua kitambulisho chako cha taifa kuwa dhamana. Anayekitaka akiweke kabatini mwake, achana naye.

Kuhusu karo, mwone mwalimu mkuu kabla ya muhula kufunguliwa, umweleze hali na umwombe mgawanyo wa malipo kwa maandishi. Ikiwa hata hivyo haiwezekani, kumhamishia mtoto katika shule ya serikali si fedheha. Elimu ya msingi kwa wote ilianza 1997 na ya sekondari 2007 kwa ajili ya nyakati kama hizi, ingawa michango ya sare na chakula bado itakuwepo na ni vyema uiulize mapema.

Hatua ya 7: Rudi kwenye kikundi, au ingia katika kimoja

Hapa ndipo nchi hii ina utajiri ambao watu wake hawauhesabu. Buganda kuna munno mukabi, yaani mwenzako katika shida, vikundi vinavyoleta sufuria, mahema, kuni na mikono msibani. Magharibi kuna vikundi vya engozi, vilivyopewa jina la machela ambayo wanakijiji walikuwa wakimbebea mgonjwa mabegani kushuka vilima hadi hospitalini, na ambavyo siku hizi huchanga fedha pia. Karibu kila kijiji kina kikundi cha akiba chenye sanduku la makufuli matatu, funguo zake zikiwa kwa watu watatu tofauti, na ndani ya sanduku hilo, kando ya fedha za mikopo, kuna mfuko wa jamii kwa ajili ya ugonjwa na msiba. Wanachama wengi hawajui kwamba fedha za mfuko huo, kwa kanuni za vikundi vingi, hazina riba. Ikiwa ni mwanachama, uliza, na uulize mbele ya mkutano badala ya kunong'ona kwa mweka hazina.

Aliyepigwa hujitoa kwenye kikundi kwa aibu ya kukosa mchango, naye hufanya hivyo wiki ile ile ambayo kikundi kingemfaa. Hili ndilo kosa linaloniudhi kuliko yote. Njoo mikono mitupu, keti kwenye mkeka, sema mbele ya wenzako: "Wiki hii sina, nimekuja kuwasalimu." Kikundi chenye watu wazima kitaandika deni la mchango na mkutano utaendelea. Katika kikundi chetu tumeongeza kanuni kwamba mwanachama aliyefiwa halipi faini ya kuchelewa kwa miezi miwili, na hakuna aliyeitumia vibaya hadi leo.

Kwa waliofiwa nina neno zaidi. Wakati wa mazishi nyumba hujaa. Siku ya nne mikeka hukunjwa, sufuria hurudishwa, na mjane hubaki na sauti ya kuku tu. Siku hiyo ndiyo ya kuomba mtu aje kulala nawe, si ile ya mazishi. Iombe mapema, watu wakiwa bado uani. Kwa Baganda, sherehe ya kumaliza msiba, okwabya olumbe, hufanyika baadaye sana na ndipo mrithi hutambulishwa. Ukiweza, tumia siku za maandalizi yake kuzungumza na ndugu juu ya marehemu, badala ya kuacha zote ziende kwenye hesabu ya mchele na nyama.

Hatua ya 8: Kila Jumapili soma daftari

Hesabu alama za kazi ulizofanya, angalia herufi L zilizobaki, uandike upya orodha. Dakika kumi na tano zinatosha. Usipime huzuni, pima vitendo, saa za usingizi na milo.

Ukikwama

*Watu wananiambia nijikaze tu.* Mzigo wa mwenzio ni kanda la usufi, na anayekuambia hivyo mara nyingi hajui la kusema. Mpe kazi: akuchotee maji, akusindikize benki. Atanyamaza na utakuwa umepata msaidizi.

*Ndugu wanasema nimelogwa, au ni adhabu.* Usishindane nao. Sali kwa imani yako, na uendelee na hatua. Kataa mambo mawili tu: kuacha dawa za hospitali, na kulipa mbuzi au fedha ambazo ungezihitaji kwa chakula.

*Nilimwendea mtu, akanitangaza.* Inauma, na imewahi kunitokea. Kwa mwezi mzima nilipita njia ya nyuma ya soko ili nisikutane na wasikilizaji wa habari zangu. Usimwendee tena, na usimtangaze yeye. Chagua mwingine aliye mbali na mtaa, hata kama mtazungumza kwa simu.

*Nilikuwa nimeanza kupata nafuu, sasa nimerudi nyuma.* Angalia kalenda kwanza. Tarehe ya kifo, siku ya kufungua shule, msimu wa mavuno ya kwanza bila mwenzako, yote hurudisha huzuni ghafla, na hupungua baada ya siku chache. Rudi kwenye hatua ya kwanza kwa siku hizo, kisha endelea ulipoishia.

*Wiki mbili zimepita, sili, silali, sifurahii kitu na nimeshindwa hata kazi moja kwa siku.* Hapo daftari peke yake halitoshi. Nenda kituo cha afya na useme maneno hayo hayo, kwa kuwa mtu akisema tu kwamba mwili unauma huandikiwa dawa ya malaria na kurudishwa nyumbani. Mhudumu wa afya wa kijiji anaweza kukuelekeza. Hospitali za rufaa za mikoa zina huduma ya afya ya akili, na Butabika iliyoko Kampala ni hospitali ya taifa ya tiba hiyo tangu 1955. Wanaokwenda huko si wale tu wanaookota takataka barabarani; wako walimu, askari na wafanyabiashara wanaohudhuria kliniki na kurudi kazini.

*Nafikiria kufa.* Mwambie mtu leo, kwa maneno hayo hayo, na usilale peke yako usiku huu. Dawa ya kunyunyizia mimea, sumu ya panya na vidonge vilivyobaki nyumbani vitolewe vipelekwe kwa jirani, hata kama unajiona unaweza kujizuia, kwa sababu saa mbaya huja ghafla na hupita, na lililo muhimu ni kwamba ikija isikute kitu karibu. Kisha msindikizane hospitalini asubuhi, au usiku huo huo kama hali ni nzito. Ikiwa wewe ndiye uliyeambiwa maneno haya, usimkemee na usimhubirie. Kaa naye, ondoa vitu hivyo, tafuta usafiri.

*Nimeliacha daftari kwa siku kumi.* Usijaribu kuzijaza siku zilizopita. Ruka ukurasa mmoja, andika tarehe ya leo, na chini yake kazi moja ya kesho.